Kijiji Kisicho na Ukuta

Mlango wa 25 wa Mambo ya Walawi unajulikana kwa pembe ya kondoo. Kila mwaka wa 50, siku ya 10 ya mwezi wa 7, pembe ilipaswa kupigwa nchi nzima: waliojiuza kwa umaskini waende zao huru, na kila shamba lililouzwa wakati wa dhiki lirudi kwa ukoo uliokuwa nalo mwanzo. Biblia ya Union Version inauita mwaka wa yubile. Sababu iliyotolewa ni kwamba nchi ni mali ya Mungu, na Waisraeli wote, tajiri na maskini, ni wageni waliokaribishwa humo.

Hapo ndipo mahubiri mengi huishia. Mistari michache mbele kuna sharti linalosomwa kwa nadra. Nyumba iliyo ndani ya mji wenye ukuta haikuguswa na yubile. Aliyeiuza alipewa mwaka mmoja wa kuikomboa. Ukipita, nyumba ni ya mnunuzi na vizazi vyake, pembe ilie isilie. Lakini nyumba za vijiji visivyozungushiwa ukuta zilihesabiwa sawa na mashamba, na mwaka wa 50 ukifika zilirudi.

Kwa mkazi wa Eastlands, mashariki mwa Nairobi, sharti hilo lina mzaha wake. Korogocho, Mathare na Mukuru zimegawanyika katika sehemu ambazo wenyeji huziita vijiji, kila kimoja na wazee wake. Mtu wa Ngomongo, Kisumu Ndogo au Grogan akifika kwa chifu kutafuta barua hutaja kijiji, ingawa kuanzia mlangoni pake hadi upeo wa macho hakuna shamba, ni mabati na maghorofa. Mbele ya sheria ya Musa huyu ni mtu wa mjini au wa kijijini? Ardhi ya Eastlands imekuwa na swali la namna hiyo kwa zaidi ya miaka 100, na mara moja lilikaribia kujibiwa.

Nairobi ilianza mwaka 1899 kama kambi ya reli kwenye tambarare yenye majimaji ambako Wamaasai walinywesha mifugo. Sheria ya Ardhi ya Taji ya mwaka 1902 ikafungua mlango wa kuwagawia walowezi, na ile ya mwaka 1915 ikaingiza hata ardhi waliyoikalia Waafrika katika mali ya Mfalme wa Uingereza. Mwaka 1921 Jaji Mkuu Barth alilitamka jambo hilo bila kumung'unya maneno: Mwafrika katika koloni la Kenya ni mpangaji tu wa Taji, anayekaa kwa hiari ya mwenye mali. Msomaji wa Walawi atagundua kwamba maneno ya jaji yanafanana mno na ya Musa. Wote wawili walisema watu ni wapangaji. Tofauti ilikuwa ni nani anayekusanya kodi, na kwamba katika sheria ya Musa hakuna mtu aliyeruhusiwa kukaa kwenye kiti cha mwenye nchi.

Ni katika miaka hiyohiyo ya mwanzo wa 1920 ambapo Pumwani ilitengwa kuwa makazi rasmi ya Waafrika mjini. Huko Majengo, ndani ya Pumwani, mtu aliweza kujijengea nyumba ya udongo ya Kiswahili yenye vyumba vya kupangisha, lakini kiwanja kilibaki cha manispaa. Alimiliki kuta na paa. Chini ya sakafu hakumiliki kitu. Kijiji cha zamani cha Pangani kilipobomolewa mwishoni mwa miaka ya 1930, baadhi ya watu wake walihamishiwa nyumba mpya za Shauri Moyo. Kisha zikafuata Starehe, Ziwani, Kaloleni, Bahati na Makongeni ya wafanyakazi wa reli: safu za nyumba ambazo nyingi zilipimwa kwa vitanda, si kwa familia. Kazi ikiisha, chumba kinarudi kwa mwajiri au kwa halmashauri, na mzee anapanda basi kwenda kwao.

Utaratibu huo uliingia hata katika usemi. Hadi leo mzaliwa wa Jericho au Makadara akiulizwa nyumbani ni wapi, hutaja Siaya, Machakos, Vihiga au Murang'a, mahali ambapo pengine hulala siku 10 kwa mwaka, wakati wa Krismasi. Na akifa, jamaa huchanga, jeneza likafungwa juu ya basi, safari ikaanza. Ibrahimu alitangatanga maisha yake yote katika nchi aliyoahidiwa, na kitabu cha Mwanzo kinasema kipande alichonunua kwa fedha yake huko kilikuwa kaburi: pango la Makpela pamoja na shamba lake, kwa Efroni Mhiti, shekeli 400, mbele ya mashahidi langoni pa mji. Eastlands ina mababu wengi wa aina hiyo. Miaka 40 ya kodi ya nyumba kando ya Barabara ya Jogoo, na ardhi pekee ambayo mtu ana hakika nayo ni futi 6 huko kwao.

Mmoja wa mitaa hii unaitwa Mbotela. Umepewa jina la Tom Mbotela, diwani na mwanasiasa aliyeuawa Nairobi Novemba 1952, mwanzoni mwa Hali ya Hatari iliyotangazwa na serikali ya kikoloni. Ukoo wake ulitoka Freretown, karibu na Mombasa, makazi yaliyoanzishwa na wamisionari wa Kianglikana wa CMS miaka ya 1870 kwa ajili ya watumwa waliokombolewa baharini. Watu hao walipewa uhuru, ubatizo na mahali pa kukaa, juu ya ardhi ya misheni. Jina lao likasafiri kilomita karibu 500 kutoka pwani likatua juu ya mtaa wa halmashauri, ambako wakazi nao walipewa mahali pa kukaa juu ya ardhi isiyo yao.

Kuna msemo ambao kila Mkenya anaujua, ule wa wamisionari waliotuachia Biblia na kuchukua ardhi tulipofumba macho wakati wa sala. Umesemwa mara nyingi mno kiasi kwamba umepoteza makali, na una kasoro moja: unasahau kwamba walioachiwa Biblia waliisoma. Ni kweli misheni zilipata mashamba kwa sheria zilezile za Taji. Mapadri wa Roho Mtakatifu walipanda kahawa St. Austin's, upande wa magharibi wa Nairobi, wakati mji wenyewe ungali wa mahema. Lakini Biblia nzima ya Kikikuyu ilipotoka mwaka 1951, msomaji wa Bahati alikutana kwa lugha ya mama na Kutoka, Yoshua na Walawi, vitabu ambavyo havizungumzii roho bila kuzungumzia mipaka, visima na mashamba. Mwaka uliofuata Hali ya Hatari ilitangazwa. Wapiganaji wa Mau Mau walijiita jeshi la ardhi na uhuru, na nyimbo zao nyingi ziliimbwa kwa tuni za tenzi za kanisani.

Serikali nayo ilijua moto ulikuwa wapi. Alfajiri ya tarehe 24 Aprili 1954, katika Operesheni Anvil, wanajeshi waliizingira Nairobi, na mitaa ya Eastlands ikapekuliwa nyumba kwa nyumba. Wakikuyu, Waembu na Wameru zaidi ya 20,000 walipelekwa vizuizini. Miaka 3 baadaye, mwaka 1957, kituo cha jamii cha kanisa la St. John's kilifunguliwa Pumwani, kwa ajili ya familia na vijana waliobaki katika mtaa uliochujwa hivyo.

Uhuru ulipokuja ulikuja bila pembe ya kondoo. Mpango wa ekari milioni moja, ulioanza mwaka 1962, ulinunua mashamba ya walowezi kwa fedha zilizotoka Uingereza na Benki ya Dunia, kisha ukawauzia Waafrika kwa mkopo. Walowezi walilipwa, waliorudi kwenye ardhi walirudi na deni. Hilo ni kinyume kabisa cha Walawi, ambako bei ya shamba huhesabiwa kwa idadi ya mavuno yaliyobaki kufikia yubile, na mwaka huo ukifika hakuna anayemdai mwenzake. Wanasheria watatambua kwamba hesabu ya Musa ni ya kukodisha, si ya kuuza. Yubile ilikuwa na kipindi cha miaka 50, Nairobi hupenda kutumia miaka 99.

Ambao hawakuwa na amana wala jamaa wa kuwadhamini walishuka mjini. Bonde la Mathare likajaa. Kariobangi ikapokea waliohamishwa kutoka sehemu nyingine. Mwaka 1975 Dandora ilianza kwa mkopo wa Benki ya Dunia, takriban viwanja 6,000 vilivyopimwa, vikawekewa bomba na choo, mwenyewe amalizie. Ng'ambo ya Mto Nairobi, upande usiokuwa na bomba wala choo, ikakua Korogocho, juu ya ardhi ya serikali, mkabala na jalala la Dandora ambalo moshi wake umekuwa sehemu ya hewa ya huko tangu wakati huo.

Kijiji kimoja cha Korogocho kinaitwa Grogan. Ewart Grogan alikuwa mlowezi aliyejulikana kwa safari ya miguu kutoka Afrika Kusini hadi Misri, na kwa kuwachapa Waafrika viboko mbele ya mahakama ya Nairobi mwaka 1907. Alimiliki kinamasi kikubwa kando ya Mto Nairobi. Barabara iliyochukua jina lake baadaye ikaitwa Kirinyaga, lakini jina la mwenye kinamasi likahamia mashariki pamoja na maskini, na leo linaishi juu ya vibanda ambavyo mwenyewe asingefungia farasi.

Kitu kimoja kiliwaunganisha wote hao: neno la muda. Nyumba za muda, leseni ya muda, ruhusa ya chifu ya muda. Mei 1990 Muoroto, makazi ya vibanda karibu na kituo cha mabasi ya Machakos, ilipata kujua maana yake. Askari wa jiji walifika na tingatinga, wakazi wakajibu kwa mawe, vibanda vikalala. Ilikuwa miezi ya joto la kisiasa. Wanasiasa Charles Rubia na Kenneth Matiba walikuwa wametoka tu kudai vyama vingi, na chama tawala cha KANU hakikuwa na hamu ya kusikiliza. Waliopaza sauti kwa ajili ya Muoroto walikuwa, miongoni mwa wengine, watu wa makanisa.

Kwa wahubiri wa wakati huo hadithi iliyoiva ilikuwa ya Nabothi, aliyeuawa ili Mfalme Ahabu apate shamba lake. Mwaka 1991 David Gitari, askofu wa Kianglikana wa Kirinyaga, aliitumia katika mahubiri kuhusu kunyakuliwa kwa kilima cha Kamuruana, ardhi ya umma katika wilaya yake. Inafaa kuisoma tena polepole, kwa kuwa watu wengi wanaikumbuka kama hadithi ya mfalme mwenye tamaa, na hilo ni nusu tu. Ahabu hakuanza kwa kunyang'anya. Alitoa bei nzuri, au shamba bora zaidi mahali pengine; kwa lugha ya leo, fidia na makazi mbadala. Nabothi alikataa kwa sababu shamba la mizabibu lilikuwa urithi wa baba zake na kwa imani yake halikuwa bidhaa. Mfalme akarudi kwake, akajilaza, akasusa kula.

Kisha anaingia Yezebeli, mke wa mfalme, na hapa Mkenya yeyote huanza kutikisa kichwa. Yezebeli hakutuma majambazi. Aliandika barua kwa jina la mfalme, akatia muhuri wa mfalme, akazituma kwa wazee wa mji. Wazee wakaitisha kikao halali, wakaleta mashahidi 2 kama sheria ilivyotaka, wakatoa hukumu. Kila karatasi ilikuwa sawa. Nabothi alipigwa mawe kwa kufuata utaratibu.

Miaka 13 baada ya mahubiri ya Gitari, tume iliyoongozwa na wakili Paul Ndung'u ilimkabidhi Rais Mwai Kibaki ripoti kuhusu ugawaji haramu wa ardhi ya umma. Ilikadiria kwamba hati miliki zipatazo 200,000 zilitolewa kinyume cha sheria au taratibu kati ya mwaka 1962 na 2002. Zilikuwa na muhuri na sahihi, na nyingi zilitolewa katika ofisi halali kabisa.

Wakati viongozi wa makanisa wakihubiri Nabothi, kule Korogocho mlango wa 25 wa Walawi ulikuwa ukisomwa kwa namna nyingine, kwenye mabenchi. Alex Zanotelli, padri wa shirika la Komboni kutoka kaskazini mwa Italia, aliondoka katika uhariri wa jarida la Nigrizia mwaka 1987, baada ya makala yake kuhusu biashara ya silaha ya nchi yake kuwakera wakubwa. Alikuja Kenya akaishi Korogocho katika kibanda kama cha jirani zake kwa takriban miaka 12. Kazi ya parokia ya Kikatoliki ya St. John's huko Korogocho ilijengwa juu ya jumuiya ndogo ndogo, njia ambayo maaskofu wa Kikatoliki wa Afrika Mashariki waliichagua miaka ya 1970: nyumba kadhaa hukusanyika jioni katika chumba kimoja, hulisoma somo la Biblia, kisha huuliza linagusa wapi maisha yao. Katika chumba cha futi 10 kwa 10 ambacho kodi yake imefika na paa linavuja, mlango wa 25 hauhitaji mfasiri.

Nje ya Korogocho mambo yalikuwa yakienda upande huohuo. Mwaka 1994 Papa Yohane Paulo II alipendekeza kwamba Jubilei Kuu ya mwaka 2000 iwe wakati wa kupunguza au kufuta madeni ya nchi maskini. Mei 1998 watu wapatao 70,000 walishikana mikono kuuzunguka mkutano wa mataifa tajiri mjini Birmingham, Uingereza, wakidai jambo hilohilo. Haki ya historia inataka isemwe kwamba kampeni hiyo iliunganisha sheria mbili: Walawi 25 inarudisha ardhi na kuwaachia waliojiuza, na kusamehe madeni yenyewe ni amri ya Kumbukumbu la Torati 15, kila mwaka wa 7. Lakini aliyepoteza shamba kwa sababu ya deni hatagombana na mtu kwa kuziweka pamoja.

Kenya haikufutiwa. Katika hesabu za wakopeshaji ilionekana inaweza kulipa. Italia, hata hivyo, ilipitisha mwaka 2000 sheria namba 209 kuhusu madeni ya nchi maskini, na hapo ndipo watu wa Korogocho walipoona upenyo. Mwanzoni mwa mwaka 2004 serikali ilitangaza mpango wa kubomoa makazi yaliyokuwa kando ya reli, chini ya nyaya za umeme na katika hifadhi za barabara, na kwa hesabu hiyo maelfu kwa maelfu ya watu wa Nairobi wangebaki nje. Parokia ya Korogocho, wakati huo chini ya padri Daniele Moschetti, na mashirika ya wakazi ya hapa na ya Italia walianzisha kampeni iliyoitwa W Nairobi W! Dai lao lilikuwa rahisi kueleza: ubomoaji usimamishwe, na fedha ambazo Kenya ilidaiwa na Italia zitumike kwa makazi ya watu badala ya kusafirishwa Roma.

Oktoba 2006 nchi hizo mbili zilitia sahihi mkataba wa kubadilisha deni kuwa maendeleo, takriban yuro milioni 44 kwa miaka 10. Sehemu iliyoelekezwa Korogocho ilikuwa ndogo, takriban yuro milioni 2.1. Hata hivyo, Agano la Kale lenyewe halina simulizi hata moja ya yubile iliyofanyika kweli; wanazuoni hubishana kama iliwahi kufanyika au ilibaki maandishi. Makazi ya mabati kando ya jalala la Nairobi yalikuwa yamepata kitu ambacho Yerusalemu haina kumbukumbu ya kukipata: deni limeachiliwa kwa ajili ya ardhi, kwa shinikizo la watu walioanzia katika mlango wa 25 wa Walawi.

Kazi ya kuboresha makazi ilipoanza, mwaka 2009 hivi, ugomvi nao ukaanza.

Walawi inasema shamba lirudi kwa ukoo uliokuwa nalo mwanzo. Korogocho, mwanzo ni upi? Wakazi wengi ni wapangaji. Vibanda vina wenyewe, baadhi yao wakiishi papo hapo katika chumba cha pembeni, wengine wakiishi mbali na kutuma mtu kuchukua kodi. Wenye vibanda walisema wao ndio waliojenga, walioingia kwanza kwa ruhusa ya chifu, waliotoa jasho miaka ya 1970 na 1980 wakati hapakuwa na njia. Hawawezi kuwekwa mstari mmoja na mtu aliyehamia mwezi uliopita. Wapangaji walisema kodi waliyolipa imenunua vibanda hivyo mara 10, na ardhi yenyewe ni ya serikali, kwa hiyo hakuna aliyetangulia. Malalamiko yalifika mahakamani. Na ukirudi nyuma zaidi ya miaka ya 1970 unakutana na Mfalme wa Uingereza, nyuma yake wafugaji, na hakuna kati ya hao aliyepanga foleni.

Hapo ndipo yubile inapokwama katika Eastlands, na kosa si la Walawi. Sheria ile ilitungwa kwa watu waliogawiwa nchi kwa kura, kabila kwa kabila, wakapoteza baadaye. Pumwani, Kaloleni, Korogocho zilijaa watu ambao mjini hawakuwahi kugawiwa chochote. Hakuna mwanzo wa kurudia. Ndiyo maana hadithi ya mabinti 5 wa Selofehadi, katika Hesabu 27, inafaa huku kuliko pembe ya kondoo. Baba yao alikufa jangwani bila mtoto wa kiume, na orodha ya wagawiwa ilikuwa ikiandikwa. Hawakudai kurudishiwa, walidai kuandikwa. Musa hakuwa na jibu, akapeleka shauri kwa Mungu, na sheria ikabadilika. Katika makazi ambako nyumba nyingi huongozwa na wanawake, swali la jina la nani liandikwe kwenye fomu wakati wa kuhesabu vibanda ndilo shauri lilelile.

Wanazuoni wa Biblia wana mvutano wao wa kufanana na huo. W. D. Davies aliandika mwaka 1974 kwamba katika Agano Jipya utakatifu wa mahali huhamia kwa Kristo mwenyewe, hivyo Mkristo hafungwi na kipande chochote cha ardhi. Walter Brueggemann, Mmarekani, akajibu kwa njia yake mwaka 1977 kwamba ardhi ni uti wa mgongo wa Biblia nzima, na kwamba kukosa mahali ndiyo dhiki kuu ya binadamu. Mazishi ya Eastlands humfuata Davies: hapa duniani tunapita, kwetu ni mbinguni. Jumatatu asubuhi, mwenye nyumba akija na kufuli mkononi, Brueggemann hushinda.

Korogocho ilipata barabara za lami mahali palipokuwa na matope, na daraja la miguu kuelekea Dandora. Hayo yanaonekana na hayapaswi kudharauliwa. Gari la wagonjwa haliingii kwa theolojia. Suala la nani amiliki nini lilikwenda taratibu kuliko lami.

Mwaka 2010 katiba mpya ilipitishwa, licha ya makanisa makubwa kuipinga kwa sababu za utoaji mimba na mahakama za kadhi. Kifungu cha 61 kinasema ardhi yote ya Kenya ni ya watu wa Kenya kwa pamoja. Mwaka 2016 sheria za ardhi zilirekebishwa na kuweka kwamba anayeishi bila idhini kwenye ardhi ya umma, ya jamii au ya mtu binafsi apewe notisi ya miezi 3 kabla ya kuondolewa. Mei 2020, katikati ya mvua na kafyu ya korona, nyumba za maelfu ya watu karibu na kiwanda cha maji taka cha Kariobangi zilibomolewa licha ya amri ya mahakama. Mwaka 2021 ikawa zamu ya Mukuru kwa Njenga, kupisha barabara, makumi ya maelfu wakalala nje. Mei 2024, baada ya mafuriko kuua watu Mathare na kwingineko, serikali iliamuru waliokaa ndani ya mita 30 kutoka mtoni waondoke. Rais William Ruto aliahidi kila familia iliyoondolewa shilingi 10,000 za kodi. Hatari ya mto ilikuwa ya kweli. Notisi haikuwa ya miezi 3.

Katika ubomoaji kama huo karatasi hupotea kwanza: barua ya mgao, risiti za kikundi, kitambulisho, fomu ya kuhesabiwa. Nabii Yeremia alinunua shamba kwa binamu yake Hanameli huko Anathothi akiwa kizuizini, jeshi la Babeli limeuzingira mji, wakati ambapo ardhi ya Anathothi haikuwa na thamani ya kombamwiko. Alipima shekeli 17 za fedha mbele ya mashahidi, akaandikisha hati 2, moja ikatiwa muhuri na nyingine ikaachwa wazi, akamwagiza karani wake Baruku aziweke zote katika chombo cha udongo zidumu siku nyingi. Msomaji unayekaa kando ya Mto Nairobi au Mto Mathare, nawe fanya hivyo. Toa kopi mbili za kila ulichonacho, hata kiwe na muhuri wa chifu tu. Moja ifunge vizuri uitunze nyumbani. Nyingine mpe mtu anayekaa mlimani.